Mama alisema "la"

Siku tatu kabla mama hajatutoka nilimpelekea kijiko cha uji mdomoni, akageuza uso kidogo kuelekea ukutani, akasema, "La." Hakuongeza neno. Chumbani tulikuwa watu wanne ukimtoa yeye, na kila mmoja alisikia la kwake.

Jirani yetu, mzee wa Lushoto aliyefundisha kwaya ya Walutheri miaka mingi na ambaye alikuja kila alasiri kumjulia hali, alisema kwa sauti ya chini, "Amekataa. Usimlazimishe, mwanangu." Mama mdogo, aliyekuwa mkekani na tasbihi yake, aliinuka haraka. Yeye hakusikia kukataa hata kidogo. "Anaanza kalima huyu," alisema, akamwinamia dada yake sikioni, akamtamkia polepole, "Laa ilaha illallah." Binti yangu wa miaka sita, aliyekuwa mlangoni akijiviringisha kwenye pazia, akauliza, "Bibi anataka kula?"

Mimi nilibaki na kijiko hewani, nasubiri. Mama alikuwa mtu wa kuhesabu mambo. Akitaka kukuagiza, alianza na "la kwanza". La kwanza, ufunge mlango wa uani. La pili, umpelekee mwenye duka pesa ya sukari. La tatu, ukipita sokoni utazame kama pweza wamefika. Ukidhani amemaliza, lipo la nne. Basi niliposikia "la", niliamini kuna jambo anataka kutuachia na pumzi imemkatikia njiani. Nilisubiri mpaka uji ukapoa kwenye kijiko.

Kazi yangu ni uhariri. Kutwa nashinda na maneno ya watu wengine, nikiondoa hili, nikirudisha lile, na katika miaka yote hiyo sikuwahi kulitafuta "la" kwenye kamusi. Nani hulitafuta? Ni neno unalopita juu yake kama unavyopita kizingiti cha nyumba yenu. Tulipomaliza arobaini Tanga, nikarudi Dar es Salaam, usiku mmoja sikupata usingizi, nikafungua kamusi kwenye herufi L. Nikayakuta yamepangwa kwa namba ndogo, moja, mbili, tatu, kama wanafunzi waliokutana darasani wana jina moja na hawana undugu.

Nianze na lile nililolisubiri mimi.

Hilo ni la kumilikisha: jina la mtoto, jicho la paka, jembe la baba. Ni sauti mbili zilizoshikana, li na a. Hiyo li ndiyo unayoisikia kwenye "jicho limevimba" na "embe limeiva", na a ndiyo ile iliyomo ndani ya wa, ya, cha, vya, za, kwa, pa na mwa. Hapo kale li ilikaa kichwani mwa nomino yenyewe. Waganda wanayo mpaka leo, maana jicho kwao ni eriiso na jina ni erinnya. Kwetu imeanguka, au imebaki ji kwenye maneno machache mafupi, jino, jiwe, jiko. Lakini sentensi haijasahau. Nomino imeshapoteza kilemba chake na kila neno linaloifuata bado linamwamkia kwa heshima ya kilemba kile.

Ninachokipenda kwenye la hii ni ukarimu. Soko limetoka kwa Waarabu, dirisha kwa Waajemi, gari kwa Wahindi, bomba kwa Wareno. Hakuna hata moja lililofika pwani yetu likiwa na li kichwani. Yote yalipokewa, yakapewa la moja: soko la samaki, dirisha la jikoni, gari la shamba, bomba la maji. Nairobi utasikia "gari yangu", Lubumbashi "jina yangu", na wahariri wenzangu hukunja uso. Mimi sisemi mtoto wa Lubumbashi amekosea, anasema Kiswahili cha nyumbani kwao, alichopewa na mama yake. Ila nikisikia "jina yangu" moyo wangu hushuka kidogo, kwa sababu kale kasauti ka kale kamepotea hapo, na jina ni katika maneno machache ambayo mtu hutembea nayo mpaka kaburini.

Halafu kuna la ile inayosimama bila mwenyewe. Sina la kusema. Hana la kuambiwa. La kuvunda halina ubani. La msingi, la ajabu, la kusikitisha. Nomino haipo, na wote tunajua ni neno au jambo lililokuwa hapo. La imeshika kiti cha mtu ambaye hayupo chumbani. "La kwanza" ya mama ilikuwa ya namna hii. Hakuwahi kusema "jambo la kwanza". Ndiyo maana sikuona ajabu yeye kuanza na la, na ndiyo maana nilikaa na kijiko changu.

Swali la binti yangu nalo lilikuwa la haki, kwa sababu kula ni ku na la. Nilimweleza baadaye kwa nini haikuwa hivyo. La ya kula haitembei peke yake. Humwambii mtu "la!" ili ale, unamwambia "kula!", na wakiwa wengi, "kuleni!" Ni kitenzi kifupi mno. Mkazo wa Kiswahili hukaa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na ungesema "anala", mkazo ungeangukia na ya wakati, ambayo haina nguvu ya kuubeba. Basi tunaiachia ku iisaidie: anakula, alikula, atakula. Kwenye ale, nikila, hula, ku hujiondokea. Tena uji hunywewa. Mama, ambaye alitusahihisha utotoni kila tulipotaja "kula uji", angeutaka angesema "ninywe".

Siku zile simu hazikukoma. Ndugu wa Pangani, wa Muheza, wa Mombasa, kila mmoja akiuliza, "Hali yake?" Nami najibu, "Hali." Wananyamaza wakisubiri nimalize, na mimi nimeshamaliza. Hali ya kwanza ni ya Kiarabu. Ya pili ni la hii hii ya Kibantu iliyokanushwa: hali, hanywi, halali. Sikuwa nachezea maneno. Ndilo jibu lililokuwapo.

La hii ni ya zamani sana kwetu. Msukuma anasema kulya, Mnyarwanda kurya, Mganda okulya, Mkikuyu kũrĩa, Mzulu ukudla. Ni mzizi mmoja uliosambaa na watu wenye majembe na mbegu kutoka magharibi ya Afrika mpaka kusini kabisa. Li yake bado unaiona kwetu kwenye liwa na lisha, na kwenye neno ambalo nililisema nusu ya maisha yangu bila kuliona: kulia. Mkono wa kulia ni mkono wa kulia chakula. Mama alikuwa akituona tunashika tonge kwa kushoto anauliza, "Na wa kulia umeuweka wapi?" Lile swali lilikuwa na neno zima limefunguliwa ndani yake, na sisi tulisikia karipio tu. Wiki ile ya mwisho mkono wake wa kulia ulikaa juu ya shuka, kiganja juu, vidole vimejikunja kidogo kama vimeshika tonge.

Na tazama jinsi Waswahili tulivyokitanua kitenzi hiki. Kutu inakula bati. Kwenye bao unakula kete za mwenzako. Mfanyabiashara anakula hasara, wapinzani wanakula njama, vijana wanakula bata, mzee amekula chumvi nyingi. Mwenye cheo akiita nafasi yake "ulaji" hakuna haja ya kumuuliza zaidi. Ila kinachonisimamisha ni kula kiapo. Tunasema rais amekula kiapo na hatuoni chakula chochote pale, lakini huko Kilifi Wagiriama wana kiraho cha papai: anayetuhumiwa hupewa kipande cha papai kilichosomewa maneno, akile mbele za watu, na inaaminika kitamdhuru mwenye hatia. Baada ya kujua hilo, kila nikihariri habari ya kuapishwa kwa waziri, neno "kula" hunirudisha kwenye kipande cha papai mkononi mwa mtu anayetetemeka.

Sasa la ya mama mdogo.

Hiyo imekuja kwa jahazi. Ni la ya Kiarabu, ya kukataa, na watoto wa chuoni waliijua kwa macho kabla hawajaijua kwa maana. Ukianza na alifu kwa kijiti ukazishuka herufi zote, karibu na mwisho unakutana na lamu na alifu zimefungana, mistari miwili imepishana kama matawi mawili ya mwembe. Zimeandikwa pamoja kana kwamba ni herufi moja, na zikisomwa hutoka "laa". Mwalimu wangu wa chuo alituchorea kwenye ubao kwa wino wa masizi. Mimi nilipenda kuichora kuliko zote, nikaijaza pembeni mwa juzuu yangu mpaka nikachapwa.

Kwa Kiswahili la hii hujibu swali kwa ukali wake wote: "Umemwona?" "La." Huongezewa hasha inapotaka kufunga mlango kabisa: la hasha. Husimama mwisho wa sentensi na kugawa dunia mapande mawili: akija au la, apende au la. Lakini kazi yake kubwa inaifanya imejificha. Bila ni bi na la. Wala ni wa na la. Ila, ile ya "wote ila mmoja", ni in na la zilizogandana. Bilashi, neno la wazee wetu kwa kitu cha bure, ni bi, la na shai, yaani bila kitu. Lahaula, tunayoitoa kifuani gari likitukosa kwa kidole kimoja, ni mwanzo wa kisomo kirefu, la haula wala kuwwata illa billahi, na ukikisoma hadi mwisho umekutana na la mara tatu.

Halafu labda. Hii ilinikalisha kitako usiku ule. Labda ni la na budda, na kwa Kiarabu maana yake ni hakuna budi, lazima, halina kuepukika. Budi hiyo hiyo tunayo: sina budi kuondoka, halina budi kutendwa. Neno moja limeingia kwetu mara mbili. Upande mmoja limebaki na ulazima wake, upande wa pili likalegea, likalegea, mpaka "hapana budi" ikawa "huenda". Sijui mdomo wa nani ulianza kulilegeza, lakini ninaweza kuusikia. Mtu ameulizwa kama mgonjwa atapona. Anataka kusema ni lazima, anatazama kitanda, sauti inamwishia, na ulazima unatoka umepauka. Daktari alitwambia "labda" mara mbili. Mara ya kwanza nililisikia kwa Kiswahili. Mara ya pili, alipokuwa akitazama chini, nililisikia kama lilivyoondoka Uarabuni.

Kuna methali ambayo mama aliitumia watu walipogombana katika ukoo: mla nawe hafi nawe ila mzaliwa nawe. Nimeisema mara mia. Sasa nikiitazama naona la ya Kibantu imekaa mwanzoni, kwenye mla, na la ya Kiarabu imejikunja katikati, kwenye ila, na hakuna anayemuuliza mwenzake alikotoka.

Na kalima yenyewe, aliyokuwa akiitamka mama mdogo sikioni mwa dada yake, inaanza na la. Hilo ndilo nililolifikiria kwa muda mrefu kuliko yote. Imani nzima inafunguliwa kwa kukataa: hakuna. Hakuna mungu. Ndipo inakuja illa, ambayo nayo ina la tumboni, ikafungua pale palipofungwa: ila Allah. Mama mdogo, ambaye hakusoma zaidi ya darasa la nne na chuo, aliniambia bila mimi kumuuliza, "Mwanangu, ile la ni kufagia chumba. Illa ndiyo mgeni." Aliyasema akiwa anachambua mchele kwenye ungo, hakuinua hata macho.

Yeye anashikilia kwamba aliisikia ndefu. Hoja yake ni hiyo tu na ni nzito. La ya Kiarabu ina alifu ya kuvuta, na sisi tukiitumia sokoni tunaikata fupi, lakini kwenye kisomo hurudi urefu wake, laa. La ya kumilikisha haiwezi kuvutwa, inaegemea neno linalofuata kama mtoto aliyebebwa mgongoni. "Ilikuwa laa," anasema mama mdogo. "Wewe ulikuwa na kijiko, mimi nilikuwa na sikio." Nami, Mungu anisamehe, nilisikia fupi.

Watasema wengine kwamba mama angetaka kukataa angesema "hapana". Asingesema. Wazee wa kwetu hawakujibu hivyo. Hapana ni ha, pa na na: mahali pale hapana kitu, kama vile hakuna na hamna zinavyotaja mahali pao. Ukimuuliza mama, "Sukari ipo kwenye kopo?" angekuambia "hamna", kwa sababu anasema habari za ndani ya kopo. Ukimuuliza, "Utakwenda?" akakujibu "hapana", ungeshangaa, pale wapi? Angesema "la", au angesema "siendi". Siku hizi hapana imekuwa jibu la kila kitu, kuanzia Mwanza hadi Eldoret, nami pia nalitumia. Wala silipigi vita. Ninachoona ni kwamba la imebaki kwa wazee, kwenye hati za kisheria na kwenye mitihani, na kila nikizika mtu mzima wa pwani nahisi nimezika na "la" kadhaa ambazo hakuna atakayezisema tena kwa raha ile.

La ya nne sikuipata kwenye kamusi yangu. Nimeipata kwa yule mzee wa Lushoto.

Alikuwa akija jioni anakaa kwenye kiti cha miwaa karibu na dirisha, na mgonjwa akisinzia anavuma wimbo bila maneno. Siku moja nikasikia kwamba anataja noti, kwa sauti ya kunong'ona: la, so, mi. Nikamuuliza la hiyo ni ya nani. Akafurahi kama mtu aliyeulizwa habari za kijijini kwao. Alinieleza kwamba mtawa mmoja wa Italia, Guido wa Arezzo, katika karne ya 11 alitaka kuwafundisha waimbaji wake kukumbuka sauti, akachukua utenzi wa Kilatini wa kumsifu Yohana Mbatizaji ambao kila kipande chake kilianza juu kidogo ya kilichotangulia, akachota silabi ya kwanza ya kila kipande. Cha sita kilikuwa labii reatum. Labii ni ya mdomo. Utenzi unamwomba mtakatifu aondoe hatia ya mdomo ulionajisika. La ya kwaya zote za Usambara imetoka kwenye neno mdomo.

Mama mdogo alikuwepo. Aliposikia Yohana Mbatizaji akasema, "Huyo si Nabii Yahya?" Mzee akasema ndiye. Wakatazamana wakatabasamu, na mama alikuwa amelala katikati yao.

Kutoka kwa Guido mpaka Lushoto ni safari ya miaka 800. Katika karne ya 19 Mwingereza John Curwen, akijenga juu ya kazi ya mwalimu mmoja mwanamke wa Norwich, Sarah Glover, alieneza mtindo wa kuandika muziki kwa herufi tu, d, r, m, f, s, l, t, na wamisionari wakauchukua kwa sababu hauhitaji piano wala karatasi yenye mistari. Enoch Sontonga, mwalimu wa shule ya misheni karibu na Johannesburg, aliandika kwa herufi hizo mwaka 1897 sauti ambayo Tanganyika iliifanya wimbo wa taifa mwaka 1961. Kila asubuhi shuleni tulipoimba Mungu ibariki Afrika tulikuwa tunapita juu ya la bila kuijua.

"Na nyimbo za majonzi," mzee aliniambia, "hazirudi kwenye do. Zile za furaha zinaanza mbali lakini nyumbani kwake ni do. Za majonzi nyumbani kwake ni la." Akaimba kipande kifupi ili nisikie, akashusha sauti, akakaa kwenye la mpaka pumzi ikamwishia. Mama alifungua macho. Nafikiri alisikia.

Hiyo ilikuwa siku moja kabla ya uji. Kwa hiyo nimekuwa nikijiuliza hata hilo, kama la ya siku ya pili haikuwa noti tu, kitu alichookota jioni iliyotangulia kwenye ukingo wa usingizi. Nilipomwambia mzee, alitikisa kichwa. "Mama yako alikuwa hataki uji," alisema. "Usimtafutie mengi." Yeye alimjua miaka 30 na huenda ndiye mwenye haki. Nimejaribu kuridhika na jibu lake na kuna siku naweza.

Deni la mwenye duka nililipa. Mlango wa uani nimeubadilishia komeo. Nilipekua sanduku lake nikitafuta kikaratasi, hesabu, chochote ambacho kingekuwa la kwanza, nikakuta kanga sita hazijavaliwa, zimekunjwa na asumini iliyokauka katikati.

Jana jioni simu ililia. Mama mdogo. Nikamwamkia, "Shikamoo, mama mdogo," akaitikia marahaba, kisha akakaa kimya kidogo, nikamsikia anavuta pumzi kama mtu anayepanga mambo kichwani. Hakuwahi kuwa mtu wa kuhesabu, yeye husema kila kitu kwa mpigo.

"La kwanza," akasema, "umekula?"

Nikamwambia bado.